Mama wa Kambo wa Kwenye Filamu na Mama wa Kambo wa Jirani Yetu

Jioni moja ya Jumamosi, katika ukumbi wa parokia moja iliyo kandokando ya ziwa hapa Ilemela, tulionyesha filamu ya Kitanzania kama sehemu ya semina ya malezi. Hadithi yake ilikuwa ya kawaida. Baba mjane anaoa tena, mama wa kambo anaingia ndani ya nyumba, na mtoto anaanza kunyimwa chakula na kufanyishwa kazi kutoka alfajiri hadi usiku. Mwishoni yule mama anapata adhabu yake. Ukumbi mzima ulipiga makofi na vigelegele.

Wakati wa majadiliano alisimama mama mmoja wa makamo. Alisema hivi: “Mimi ni mama wa kambo wa watoto watatu. Mlipokuwa mnapiga makofi, watoto wangu walikuwa wamekaa hapa pembeni yangu. Niliogopa kuwatazama usoni.” Kisha akaketi.

Hatukuwa na jibu la haraka. Tuliichagua filamu ile sisi wenyewe, kwa nia njema ya kupinga ukatili dhidi ya watoto. Tuliporudi ofisini tuligundua jambo jingine lililotutia aibu zaidi. Fomu yetu ya kuwachagua watoto wa kusaidiwa sare, madaftari na bima ya afya ilikuwa na kisanduku kilichoandikwa “Anaishi na mama au baba wa kambo”, na kisanduku hicho kiliongeza alama za ugumu wa maisha. Hatukuwahi kuuliza mzazi huyo anamtendea mtoto vipi. Tulichukulia kwamba neno “kambo” peke yake linatosha kuwa ushahidi.

Makala hii inahusu jinsi filamu za siku hizi zinavyoonyesha familia za kambo, na kwa nini jambo hilo linazihusu kamati za parokia pamoja na marafiki wanaotuchangia. Tunaandika kwa sababu tumejionea kwamba picha tunazozitazama zinaingia hadi kwenye maamuzi yetu.

Familia hizi zinatoka wapi?

Kwa maneno rahisi, familia ya kambo ni ile ambayo angalau mmoja wa wanandoa ameleta mtoto aliyezaliwa kabla ya ndoa hiyo. Wengine husema mtoto wa kambo, wengine mtoto wa kufikia. Mitaani kwetu watoto wengi huambiwa wamwite mke mpya wa baba “mama mdogo”, ili neno “kambo” lisitamkwe mbele yake.

Katika ukanda wetu wa ziwa familia hizi si jambo la ajabu. Sababu zake zinafahamika:

- Vifo. Ugonjwa wa UKIMWI uliacha wajane na yatima wengi katika mialo na miji ya kando ya ziwa, hasa kabla ya dawa za kufubaza virusi kuanza kutolewa bure nchini mwaka 2004. Ajali za majini nazo zimeacha makovu. Meli ya MV Bukoba ilizama karibu na Mwanza tarehe 21 Mei 1996 na kuua mamia ya watu. Kivuko cha MV Nyerere kilipinduka karibu na Ukara tarehe 20 Septemba 2018 na kuua zaidi ya watu 200. Nyuma ya kila hesabu ya namna hiyo wapo watoto ambao walihitaji kulelewa na mtu mwingine.
- Uhamaji. Wavuvi huhama kufuata samaki, kutoka Igombe na Kayenze hadi visiwani. Wengine huenda machimboni Geita. Mtu huacha familia upande mmoja na baada ya muda huanzisha nyingine upande wa pili.
- Kutengana na talaka. Wazazi wanapoachana, mara nyingi mtoto hupelekwa kwa bibi kwanza, na baadaye huchukuliwa na mzazi aliyekwisha kuoa au kuolewa tena.

Hivyo basi, tunapozungumzia familia za kambo tunazungumzia watu wanaokaa kwenye mabenchi yaleyale tunayokaa sisi.

Mama wa kambo katili

Sura ya kwanza katika filamu ni ya zamani, na inajulikana dunia nzima. Kampuni ya Walt Disney ilitoa Snow White mwaka 1937 na Cinderella mwaka 1950, zote mbili zikitokana na hadithi za kale za Ulaya. Cinderella ilitengenezwa upya ikiwa na waigizaji halisi mwaka 2015. Katika hadithi hizi mama wa kambo hana historia wala hofu. Ana wivu tu.

Sisi pia tulikuwa na hadithi zetu za namna hii kabla ya kuona sinema. Bibi zetu walitusimulia jioni habari za mtoto aliyefiwa na mama na kutumwa mbali na mke mpya wa baba. Ndiyo maana filamu kutoka India zilipoingia, watazamaji wetu walizielewa hata bila kujua Kihindi. Mfano mzuri ni Beta ya mwaka 1992, iliyoigizwa na Anil Kapoor, Madhuri Dixit na Aruna Irani. Humo mama wa kambo anajifanya kumpenda sana mtoto wa mume wake, kumbe shabaha yake ni mali. Anatubu mwishoni, baada ya kuona kijana yule yuko tayari kunywa hata sumu kwa ajili ya kumtii.

Baadaye zilikuja filamu za Nigeria, ambamo mwigizaji Patience Ozokwor, maarufu kama Mama G, alijipatia sifa kwa kuigiza mama wakwe na mama wa kambo wakali. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 filamu zetu wenyewe za Kiswahili zilianza kusambaa kwenye kanda, kisha kwenye VCD na DVD, na zikaipokea sura hiyohiyo. Vijana wetu walizitazama kwenye vibanda umiza, pamoja na filamu za nje zilizotafsiriwa papo hapo kwa sauti ya mtafsiri. Leo vipande vya tamthilia vinatazamwa kwenye simu ya mkononi, lakini mama wa kambo bado ni yuleyule.

Hatusemi kwamba sura hii ni ya uongo mtupu. Wapo watoto wanaopigwa, wanaonyimwa chakula na wanaokatishwa masomo na walezi wao. Baadhi ya watoto wanaolala mitaani katika Jiji la Mwanza huwaeleza watu wanaowahudumia kwamba walitoroka nyumbani baada ya mzazi kuoa au kuolewa tena. Filamu inayoonyesha ukatili huo inaweza kumpa mtoto ujasiri wa kusema. Ubaya ni pale sura moja inapogeuka kuwa sura ya wote.

Mama wa kambo malaika

Sura ya pili ni kinyume cha ile ya kwanza. Katika The Sound of Music ya mwaka 1965, msichana Maria anaingia katika nyumba ya mjane mwenye watoto saba. Anawafundisha kuimba, wanampenda, na baba naye anampenda. Katika filamu ya India ya Kuch Kuch Hota Hai ya mwaka 1998, ambayo ilipendwa sana hapa Afrika Mashariki, mama anayekaribia kufa anamwachia binti yake barua. Binti anapofikisha miaka minane anasoma barua ya mwisho, na kuanza mpango wa kumkutanisha baba yake na rafiki yake wa zamani.

Ni hadithi tamu, na ina jambo moja la kufundisha: mtoto hahitaji kumsahau mama yake ili ampokee mwingine. Hata hivyo, katika filamu za aina hii kazi yote huishia siku ya harusi. Watazamaji hutoka wakiamini kwamba mapenzi yakiwepo, watoto watafuata. Katika semina zetu tumewasikia wanandoa wapya wakisema, kwa masikitiko, kwamba walidhani mtoto angezoea ndani ya mwezi mmoja au miwili. Mtoto asipozoea, mama huona amekataliwa na baba huona mtoto ni mkaidi.

Sura hizi mbili, ya katili na ya malaika, zinafanana kuliko tunavyodhani. Zote zinaweka mzigo wote juu ya moyo wa mwanamke mmoja. Akiwa mwema nyumba itapona, na akiwa mbaya nyumba itaangamia.

Filamu zinazokubali kwamba jambo hili ni gumu

Kuna kundi la tatu, ambalo tunalipendekeza kwa kamati zetu. Katika Stepmom ya mwaka 1998, Julia Roberts ni mchumba wa baba na Susan Sarandon ni mama mzazi wa watoto wawili. Mama mzazi ana saratani. Wanawake hawa wanagombana, wanashindana kwa watoto, wanasema maneno ya kuumiza. Polepole kila mmoja anatambua kwamba mwenzake anacho kitu ambacho watoto wanakihitaji. Mwishoni, wakati wa kupiga picha ya familia, mama mzazi ndiye anayemwita mwenzake aingie kwenye picha. India ilitengeneza upya hadithi hii mwaka 2010 kwa jina la We Are Family, ikiwa na Kajol na Kareena Kapoor.

Filamu ya vichekesho ya Yours, Mine & Ours ya mwaka 2005 inahusu mjane wa kiume mwenye watoto wanane anayemwoa mjane wa kike mwenye watoto kumi. Watoto wanaungana kuivunja ndoa hiyo. Tunacheka, lakini tunaona ukweli: watoto hawakuulizwa, na kila upande ulikuja na taratibu zake.

Instant Family ya mwaka 2018 ni ya wanandoa wanaochukua ndugu watatu kuwalea na hatimaye kuwaasili. Mwongozaji wake, Sean Anders, aliitengeneza akitumia uzoefu wake mwenyewe wa kuasili ndugu watatu. Siku za kwanza ni za furaha, kisha inafuata vurugu, na wale wazazi wanafikia hatua ya kujiuliza kama walikosea. Ingawa si familia ya kambo kwa maana kamili, funzo lake ni lilelile. Mwanasaikolojia wa Marekani Patricia Papernow, aliyeandika kitabu kiitwacho Becoming a Stepfamily mwaka 1993, anaeleza kwamba familia za kambo hupita hatua mbalimbali kabla ya kutulia, na kwamba safari hiyo huhesabiwa kwa miaka.

Baba yuko wapi?

Baada ya tukio la ukumbini tulibadili namna ya kuendesha majadiliano. Sasa, filamu inapokwisha, swali letu la kwanza ni fupi: baba yuko wapi?

Jibu linashangaza. Katika Cinderella baba amekufa. Katika Snow White haonekani. Katika Beta baba yu hai, lakini amefungiwa ndani kama mwendawazimu. Katika filamu nyingi za kwetu baba yuko safarini, yuko kazini, au yupo nyumbani lakini “hajui” kinachoendelea. Anarudi mwishoni kushangaa na kumfukuza mke. Hakuna anayemuuliza kwa nini hakuona mtoto wake akikonda.

Tulipouliza swali hili katika parokia moja, mzee mmoja mvuvi alisema: “Kumbe mimi ndiye nimekosa kwenye ile filamu.” Alieleza kwamba alikuwa akienda ziwani wiki nzima, anaacha fedha ya matumizi bila kusema ya nani na ya nini, kisha akirudi anasikiliza mashtaka ya pande mbili na kumwamini aliyewahi kusema. Mkewe hakuwa mkatili wala malaika. Alikuwa na fedha isiyotosha, watoto wasiomtambua kuwa na mamlaka, na mume asiyeweka utaratibu.

Wazee walisema kuzaa si kazi, kazi kulea. Kazi hiyo haiwezi kuachiwa mtu mmoja aliyeingia jana katika nyumba yenye mambo yake ya miaka kumi.

Sisi wa Mwanza tunaujua uchungu huu

Pengine msomaji atauliza: filamu ni burudani, kuna haja gani ya kuzihofia? Sisi wa Mwanza tunalo jibu letu. Mwaka 2004 ilitoka filamu ya Darwin's Nightmare ya mwongozaji kutoka Austria, Hubert Sauper, iliyopigwa hapa Mwanza. Ilihusu biashara ya sangara, umaskini, ukahaba na watoto wa mitaani. Ilizunguka dunia na kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar. Mwaka 2006 Rais wa wakati huo, Jakaya Kikwete, aliilaumu hadharani, na wananchi wengi waliona kwamba mji wao umepakwa matope.

Kilichowauma watu si kwamba kila kilichoonyeshwa kilikuwa uongo. Watoto wanaolala nje walikuwepo, na bado wapo. Kilichowauma ni kuonekana kana kwamba hapakuwa na kitu kingine: hakuna mama anayeamka saa kumi kwenda mwaloni Kirumba ili mtoto asome, hakuna jirani anayelea yatima wa jirani. Mgeni aliyeiona filamu ile alikuja akiwa na jibu tayari.

Mama wa kambo anaishi katika hali hiyo kila siku. Akimkemea mtoto, jirani anasema “si unaona?” Akimwacha bila kumkemea, wanasema hamjali kwa sababu si wake. Mwalimu, balozi wa mtaa, hata sisi wa kamati, tunafika kwake tukiwa tumeshaitazama filamu yake.

Mambo ambayo filamu hazituonyeshi

Katika mazungumzo na familia mbalimbali tumejifunza kwamba ugomvi mwingi huanzia kwenye mambo madogo ambayo kamera haiyafuati.

- Fedha. Ada imeondolewa katika shule za umma, lakini sare, viatu, madaftari na nauli vipo. Baba asipotaja wazi fedha ya kila mtoto, anayegawa ndiye anayelaumiwa.
- Nidhamu. Tumeona nyumba zinatulia zaidi pale ambapo, katika kipindi cha mwanzo, mzazi wa damu ndiye anayetoa adhabu, na mzazi wa kambo anajenga kwanza urafiki.
- Kumbukumbu ya marehemu. Kuiondoa ukutani picha ya mama aliyekufa siku mke mpya anapoingia ni jambo dogo kwa mtu mzima. Kwa mtoto ni kama msiba wa pili.
- Jina la kumwita. Mtoto asilazimishwe kusema “mama” au “baba” kabla hajawa tayari. “Mama mdogo” au “mjomba” linatosha kwa kuanzia.
- Ndugu wa upande wa marehemu. Bibi na shangazi wanaweza kuijenga au kuibomoa nyumba kwa swali moja: “Huyo mama anakupa chakula?”
- Baba wa kambo. Filamu zetu humsahau, lakini mitaani yupo, analea watoto wa mwenzake bila kusifiwa. Pia wapo wanaowadhuru watoto, hasa wasichana, na ukimya unawalinda. Haya yote mawili yanahitaji kusemwa.

Sheria inasemaje?

Kamati nyingi zimetuuliza kuhusu wajibu wa kisheria. Kwa Tanzania Bara, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inaeleza kwamba mwanamume akimpokea mtoto asiye wake kuwa mmoja wa familia yake, ana wajibu wa kumtunza pale ambapo baba na mama wa mtoto huyo wanashindwa kufanya hivyo. Kwa hiyo kauli ya “huyu si wangu, nilimkuta” si jibu mbele ya sheria.

Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inamtambua mtoto kuwa ni mtu aliye chini ya umri wa miaka 18, na inataja haki zake za chakula, malazi, mavazi, matibabu, elimu na michezo. Inakataza pia kumnyima mtoto manufaa ya mali iliyoachwa na mzazi wake. Hapa tunawakumbusha wajane wanaooa au kuolewa tena: mali ya marehemu ishughulikiwe kwa mirathi halali kabla nyumba mbili hazijaunganishwa. Wengi wenu mnaikumbuka filamu ya Zimbabwe iitwayo Neria ya mwaka 1993, kuhusu mjane aliyenyang'anywa mali na shemeji yake. Mashirika mengi yaliitumia kufundisha haki za wajane.

Aidha, kumwoa mama wa mtoto hakumfanyi mwanamume kuwa mzazi wa mtoto huyo kisheria. Kuasili mtoto ni hatua nyingine, inayopitia mahakamani. Ofisi ya Ustawi wa Jamii ya Halmashauri ya Manispaa inaweza kutoa maelekezo. Pale penye dalili za ukatili, msisubiri kikao. Nendeni kwa Ofisa Ustawi wa Jamii au Dawati la Jinsia na Watoto katika kituo cha polisi, au pigeni simu ya bure namba 116 ya kuwasaidia watoto.

Kamati zifanye nini?

Kutokana na tuliyojifunza, tunapendekeza yafuatayo:

1. Endeleeni kutumia filamu, kwa kuwa watu huzungumza kwa urahisi zaidi juu ya mhusika kuliko juu ya jirani. Tumieni nakala halali, na angalieni umri ulioidhinishwa kwa filamu husika.
2. Itazameni filamu ninyi wenyewe kwanza. Jiulizeni nani ataketi ukumbini, na atajisikiaje taa zitakapowashwa.
3. Msionyeshe sura moja tu. Kama mmeonyesha filamu ya mama katili, wiki inayofuata onyesheni ile inayoonyesha safari ndefu ya kuzoeana.
4. Katika mafundisho ya ndoa, wekeni kipindi maalumu kwa wachumba wenye watoto. Wazungumze juu ya fedha, nidhamu, ndugu na mirathi kabla ya harusi.
5. Mnapotembelea kaya, mwangalieni mtoto na msiishie kwenye ukoo wake. Anakula? Anasoma? Analala wapi? Anamwogopa nani?

Maswali ya kujadili baada ya filamu yanaweza kuwa haya: Baba yuko wapi katika hadithi hii? Nani hakuulizwa? Mama huyu anaogopa nini? Ni siku gani ambapo jirani, mwalimu au ndugu angeweza kusaidia, na kwa nini hakusaidia? Sisi tungekuwa majirani wa nyumba hii, tungefanya nini kesho asubuhi?

Neno kwa wanaotuchangia

Kwa marafiki wetu wa karibu na wa mbali, tunawashukuru kwa michango yenu, na tunaona ni haki mjue kwamba tulikuwa tunapima vibaya. Kisanduku cha “mama au baba wa kambo” tumekiondoa kwenye fomu. Mahali pake tumeweka maswali kuhusu chakula, mahudhurio shuleni, afya, mahali pa kulala na usalama wa mtoto, na yanaulizwa kwa kila mtoto, hata anayeishi na wazazi wake wote wawili. Kazi hii inachukua muda zaidi, kwa kuwa lazima mtu afike nyumbani na kuzungumza na mtoto mwenyewe. Sehemu ya michango yenu sasa inalipia nauli za wanakamati wanaofanya ziara hizo.

Orodha ya mwanzo ilipopitiwa upya, baadhi ya watoto tuliowadhania kuwa hatarini tulikuta wanatunzwa vizuri. Wengine, ambao hawakuwa kwenye orodha kwa sababu wanaishi na wazazi waliowazaa, walikuwa na shida kubwa ambayo hakuna aliyeiuliza.

Yule mama wa watoto watatu tulimwomba radhi. Tulimwomba pia ajiunge na kikundi kinachochagua filamu za semina, naye alikubali kwa sharti moja: kwamba kila filamu ya aina hiyo, yeye na mumewe wataitazama kwanza pamoja, na mume ndiye atakayefungua majadiliano. Semina iliyofuata ilianza hivyo. Mzee yule alisimama mbele ya ukumbi, akataja majina ya watoto wake watatu, kisha akaanza kueleza ni nani aliyewapeleka kliniki, ni nani aliyewashonea sare, na yeye mwenyewe alikuwa wapi siku hizo.